Bruce Lee: Bingwa wa densi aliyeambiwa sura yake haiuzi filamu

Hata kama hujawahi kutazama filamu yake hata moja, jina lake unalijua. Watoto mtaani wakianza kurushiana mateke, lazima kuna mmoja atakayejiita Bruce Lee. Uso wake uko kwenye fulana na mabango, na wazazi wako wakilisikia jina hilo huenda wakaanza kukusimulia enzi zao za kanda za video.

Lakini wacha nikuulize swali. Unajua jamaa huyu aliaga dunia akiwa na umri gani? Miaka 32. Na zile filamu zilizompa jina dunia nzima alizitengeneza kwa muda usiofika miaka miwili, kati ya 1971 na 1973.

Kumbe kabla ya hiyo miaka miwili kulikuwa na miaka 12 ya kuhudumu mkahawani, kufunza wanafunzi wachache, kuumia mgongo na kuambiwa hapana. Hiyo ndiyo sehemu ya maisha yake ambayo haisimuliwi sana, na ndiyo inayokuhusu wewe unayetafuta nafasi yako hapa mjini.

Mtoto wa jukwaani

Alizaliwa Novemba 27, 1940, katika mtaa wa Wachina jijini San Francisco, Marekani. Si kwamba wazazi wake walikuwa wakaazi wa huko. Babake, Lee Hoi-chuen, alikuwa mwigizaji wa opera ya Kikantoni na alikuwa Marekani kwa ziara ya maonyesho. Mamake, Grace Ho, alikuwa na damu ya Kichina na ya Kizungu. Jina lake la nyumbani lilikuwa Lee Jun-fan. Hilo la Bruce alilipata hospitalini alikozaliwa. Kwa kalenda ya Kichina huo ulikuwa mwaka wa joka, na ndiyo maana neno joka limefuatana naye hadi kwenye majina ya filamu zake.

Alikuwa bado ananyonya alipotokea kwenye filamu kwa mara ya kwanza, akiwa mtoto wa kubebwa tu, katika Golden Gate Girl. Mwaka wa 1941 familia ikarudi Hong Kong, iliyokuwa koloni ya Uingereza. Desemba mwaka huo majeshi ya Japani yakaivamia. Kwa hivyo miaka yake ya kwanza aliishi chini ya mvamizi mmoja, na mvamizi huyo alipoondoka 1945, mkoloni wa zamani akarudi kukalia kiti chake.

Kwa kuwa babake alikuwa mtu wa jukwaa, mtoto aliingia studio mapema. Kufikia umri wa miaka 18 alikuwa ameigiza katika takriban filamu 20. Hazikuwa za kung fu. Nyingi zilikuwa za kuliza watu, akicheza kama yatima, mtoto wa mtaani au kijana mtundu wa familia maskini. Ukimsikia mtu akidai Bruce Lee alikuwa mpiganaji aliyejifunza kuigiza, mwambie mambo yalikuwa kinyume. Jamaa alikuwa mwigizaji kabla hajajua kukunja ngumi.

Ngumi zilikuja baadaye. Hong Kong ya baada ya vita ilifurika wakimbizi kutoka China bara, na vijana walikuwa wakipigana kwa magenge mitaani na hata juu ya paa za majumba. Bruce hakuwa malaika. Alipigana, akafukuzwa shule, akahamia nyingine. Akiwa na umri wa miaka 13 hivi alianza kufunzwa Wing Chun na mwalimu mashuhuri Ip Man. Huo ni mtindo wa kung fu wa kupigana kwa karibu, ngumi za harakaharaka, bila mbwembwe.

Hapo ndipo alipoonja ubaguzi mara ya kwanza. Baadhi ya wanafunzi wenzake waligundua kuwa mamake ana damu ya Kizungu, wakakataa kufanya mazoezi naye. Hebu fikiria hali hiyo. Nyumbani aliambiwa hajatosha kuwa Mchina. Ng'ambo, miaka michache baadaye, angeambiwa kwamba Uchina wake umezidi.

Mwaka wa 1958 ulimpa mataji mawili. La kwanza ni la ndondi za shule, ambapo alitumia mbinu za Wing Chun akiwa amevaa glavu na akamwangusha bingwa aliyekuwa akitetea taji. La pili linawashangaza wengi: alitawazwa bingwa wa densi ya cha-cha wa Hong Kong. Usicheke. Alikuwa akitembea na kadi aliyoandika mitindo 108 ya hatua za cha-cha. Ukitazama anavyosogeza miguu kwenye filamu zake, ule wepesi, ile kurukaruka kabla ya kushambulia, unaona kabisa kwamba densi haikupotea bure.

Dola 100 mfukoni

Lakini mataji hayakumwondolea vita vya mitaani. Wazazi wake walihofia angeishia jela au kaburini, na kwa kuwa alizaliwa Marekani, uraia wake ulikuwa njia ya kumtoa pale. Mnamo Aprili 1959 walimpandisha meli akiwa na Dola 100. Ndani ya meli alijipatia riziki kwa kuwafunza cha-cha abiria wenye pesa zao.

Alifikia San Francisco, kisha akaenda Seattle, akapewa chumba kidogo na kazi ya kuhudumia wateja katika mkahawa wa Ruby Chow, aliyejuana na babake. Kijana aliyezoea kuonekana kwenye skrini sasa alikuwa akibeba sahani. Alikamilisha masomo ya sekondari, na 1961 akajiunga na Chuo Kikuu cha Washington, alikosomea uigizaji na kusoma sana falsafa.

Pembeni alianza kufunza kung fu, kwenye gereji, kwenye bustani, popote palipopatikana nafasi. Mwanafunzi wake wa kwanza alikuwa Jesse Glover, kijana Mmarekani mweusi ambaye utotoni alikuwa amepigwa na polisi na akaapa kujifunza kujilinda. Mwingine alikuwa Taky Kimura, Mmarekani mwenye asili ya Kijapani, ambaye yeye na familia yake walifungiwa kambini na serikali ya Marekani wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Kumbuka kwamba Bruce alikulia chini ya mabuti ya wanajeshi wa Japani. Bado alimfunza Kimura, na wakawa marafiki wa kufa kuzikana.

Kwa nini nalitaja hili? Kwa sababu wakati ule Wachina wengi waliona kung fu ni mali ya Wachina, si ya kumpa mgeni. Yeye aliwafunza weusi, weupe na Waasia katika chumba kimoja. Mmoja wa wanafunzi hao alikuwa Linda Emery, msichana mzungu, na Agosti 1964 wakafunga ndoa. Huo ni wakati ambapo katika majimbo kadhaa ya Marekani ndoa kati ya mzungu na mtu wa rangi nyingine ilikuwa kosa la jinai.

Dakika chache zilizombadilisha

Mwaka huohuo wa 1964 mambo mawili yalitokea. Kwanza, alialikwa kuonyesha ujuzi wake katika mashindano makubwa ya karate mjini Long Beach, California. Alipiga pushapu kwa vidole viwili vya mkono mmoja. Kisha akaonyesha ile ngumi ya inchi moja: mkono ukiwa karibu kugusa kifua cha mtu, ngumi inatoka, na mtu anajikuta amerudi nyuma hadi kitini.

Pili, mjini Oakland alipigana faraghani na mwalimu mwingine wa kung fu, Wong Jack Man. Kila upande ulisimulia pambano hilo kwa njia yake, na ubishi haujaisha hadi leo. Linaloeleweka ni kwamba Bruce hakufurahishwa na jinsi alivyopigana. Pambano lilichukua muda mrefu kuliko alivyotarajia, akajikuta anahema kama aliyekimbia mbio ndefu. Wengi wetu tungejipiga kifua na kwenda zetu. Yeye alikaa chini akajiuliza mtindo wake una kasoro gani.

Akaanza kukimbia kila siku na kuinua vyuma. Akatazama filamu za mapigano ya Muhammad Ali tena na tena ili aone miguu inavyofanya kazi. Akachota maarifa kwenye mchezo wa Kizungu wa kupigana kwa panga nyembamba.

Tena hakuona aibu kuwa mwanafunzi. Jhoon Rhee, Mkorea aliyeeneza taekwondo Marekani, walikutana Long Beach. Rhee akamwonyesha mateke ya juu, yeye akamwonyesha ngumi za haraka. Dan Inosanto, Mmarekani mwenye asili ya Ufilipino, alikuja kwake kama mwanafunzi, lakini ndiye aliyemjulisha kwenye nunchaku, vile vijiti viwili vilivyounganishwa kwa mnyororo. Inosanto pia alimwonyesha mbinu za Kifilipino za kupigana kwa fimbo. Kwa hivyo unapomwona Bruce Lee kwenye bango ameshika nunchaku, jua hapo kuna mkono wa Mfilipino. Na ukiona teke lake la juu likitua, kuna mkono wa bingwa wa taekwondo.

Mchanganyiko huo aliupa jina Jeet Kune Do mwaka wa 1967, maana yake njia ya ngumi inayokatiza ya adui. Wazo lake halikuwa gumu: chukua kinachokufaa, acha kisichokufaa, kisha ongeza cha kwako. Kumbuka pia kwamba huyu hakuwa na mwili wa ajabu. Macho yake yalikuwa hafifu sana hata akahitaji lenzi, na mguu wake mmoja ulikuwa mfupi kidogo kuliko mwingine.

Dereva wa mtu

Onyesho la Long Beach lilimfikisha kwenye masikio ya maprodyuza wa Hollywood. Mnamo 1966 alipata nafasi ya Kato katika kipindi cha runinga cha The Green Hornet. Kato alikuwa dereva na msaidizi wa shujaa mzungu. Alivaa kinyago, alisema maneno machache, na kazi yake kubwa ilikuwa kupiga watu mateke. Kipindi kilidumu vijipindi 26 tu, kikafutwa 1967.

Cha kuchekesha ni kwamba kipindi hicho kilipofika Hong Kong, watu walikiita kipindi cha Kato. Kwao, dereva ndiye aliyekuwa shujaa. Huko Hollywood hakuna aliyelijali hilo.

Miaka iliyofuata ilikuwa noma. Alipata vijinafasi vya hapa na pale. Aliwafunza mastaa kama Steve McQueen na James Coburn, pamoja na mchezaji wa vikapu aliyekuja kujulikana kama Kareem Abdul-Jabbar. Alikuwa na mke na watoto wawili, Brandon aliyezaliwa 1965 na Shannon aliyezaliwa 1969, na mkopo wa nyumba ulikuwa ukimwandama.

Kisha, mwaka wa 1970, akaumia mgongo akiinua vyuma. Madaktari walimweleza kwamba neva imejeruhiwa na asitarajie kurusha teke tena. Alilala kitandani kwa miezi. Linda akaenda kufanya kazi ili nyumba iendelee. Kwa mtu anayeishi kwa mwili wake, hiyo ni sawa na kumwambia mwimbaji kwamba sauti haitarudi.

Alifanya nini kitandani? Aliandika. Alijaza madaftari kwa michoro na maelezo kuhusu mapigano, falsafa na mazoezi. Maandishi hayo yalikuja kukusanywa na kuchapishwa 1975, yeye akiwa hayupo, katika kitabu Tao of Jeet Kune Do. Na teke likarudi, ingawa maumivu ya mgongo hayakumwacha kabisa hadi mwisho wa maisha yake.

Mlango wa nyuma

Alipoinuka alikuwa na wazo: kipindi cha runinga kuhusu mpiganaji wa Kichina katika Marekani ya karne ya 19. Wakati huohuo studio ya Warner Bros ilikuwa ikiandaa kipindi chake, Kung Fu, chenye shujaa mwenye damu ya Kichina na ya Kizungu. Bruce aliitaka nafasi hiyo. Nani angemshinda? Ikapewa David Carradine, mwigizaji mzungu ambaye hakuwa amejifunza kung fu. Sababu? Wakubwa wa runinga waliogopa kwamba Wamarekani hawangekubali kumtazama Mwasia akiwa mhusika mkuu kila wiki, tena mwenye lafudhi ya kigeni.

Tulia hapo kidogo. Mtu ana ujuzi, anaigiza tangu utotoni, amesomea kazi yake, na bado anaambiwa tatizo ni uso aliozaliwa nao. Huwezi kufanya mazoezi ukabadilisha uso. Kwa kukataliwa kwa aina hiyo, bidii peke yake haitoshi. Lazima utafute njia nyingine.

Njia hiyo ilikuwa nyumbani. Raymond Chow, prodyuza wa Hong Kong aliyekuwa ameanzisha kampuni ya Golden Harvest, alimpa mkataba wa filamu mbili kwa Dola 15,000. Machoni pa Hollywood hizo hazikuwa pesa. Bruce alikubali, akaenda Thailand 1971 kurekodi The Big Boss, filamu ya bajeti ndogo kuhusu kibarua wa kiwanda cha barafu.

Ilipoonyeshwa Hong Kong Oktoba 1971, ilivunja rekodi ya mapato. Mwaka uliofuata Fist of Fury ikaivunja hiyo rekodi. Ndani yake kuna tukio ambapo anazuiwa kuingia bustani ya Shanghai yenye kibao cha kuwakataza mbwa na Wachina, naye anakipasua kwa teke hewani. Kama umesoma jinsi mkoloni alivyowatenga watu kwa rangi hapa kwetu, huhitaji kuelezewa kwa nini ukumbi ulilipuka kwa shangwe.

Filamu ya tatu, The Way of the Dragon, aliiandika na kuielekeza mwenyewe. Pambano la mwisho, ndani ya magofu ya Colosseum mjini Rome, ni kati yake na rafiki yake Chuck Norris, bingwa wa karate ambaye hatimaye naye aligeuka kuwa mwigizaji. Hiyo nayo ikavunja rekodi. Na katika Game of Death, aliyoanza kurekodi 1972 lakini hakuimaliza, aliwaita Inosanto na Abdul-Jabbar waje wapigane naye mbele ya kamera.

Sasa Hollywood ndiyo iliyobisha hodi. Warner Bros, studio ileile, ilishirikiana na Golden Harvest kutengeneza Enter the Dragon. Shujaa mkuu: Bruce Lee. Kando yake alikuwa Jim Kelly, bingwa mweusi wa karate kutoka Marekani. Bajeti haikufika Dola milioni 1. Ilirekodiwa Hong Kong mwanzoni mwa 1973.

Siku ambayo hakuiona

Mnamo Mei 10, 1973, akiwa studio akiingiza sauti kwenye filamu hiyo, alianguka. Madaktari walikuta ubongo umefura. Wakamwokoa. Aliendelea na kazi kana kwamba hakuna lililotokea, akiwa amekonda na kuchoka.

Julai 20 mwaka huo, jijini Hong Kong, alilalamika kwamba kichwa kinamuuma akiwa nyumbani kwa mwigizaji Betty Ting Pei. Akameza kidonge cha maumivu, akalala, na hakuamka tena. Uchunguzi wa kisheria ulisema ni ajali, kwamba mwili ulikataa dawa iliyokuwemo kwenye kidonge hicho. Tangu hapo watu wamezua hadithi za laana, sumu na magenge. Hakuna iliyowahi kuthibitishwa. Kinachojulikana ni ubongo uliofura mara mbili katika miezi mitatu, kwa mtu asiyejua kupumzika. Ukiwa mtu wa kujisukuma usiku na mchana, hilo nalo lichukue kama funzo.

Maelfu walifurika barabarani Hong Kong kumuaga. Alizikwa Seattle, mji alioanzia kwa kubeba sahani. Miongoni mwa waliobeba jeneza walikuwa Steve McQueen, James Coburn, Taky Kimura na Dan Inosanto. Mwezi mmoja baadaye Enter the Dragon ikaonyeshwa Marekani, ikaenea duniani na kuingiza mamilioni kwa mamilioni ya dola. Mwanawe Brandon, aliyemfuata kwenye uigizaji, alifariki 1993 kwa ajali ya bunduki akirekodi filamu, naye akazikwa kando ya babake.

Mwaka wa 2005 mji wa Mostar, Bosnia, ulisimamisha sanamu yake. Ule ni mji ambao Wabosnia, Wakroati na Waserbia walikuwa wameuana miaka ya 1990. Vijana wa huko walitafuta shujaa ambaye hakuna upande ungemkataa, wakampata Mchina aliyezaliwa Marekani.

Na lile wazo la mpiganaji wa Kichina katika Marekani ya kale? Maandishi yake yalibaki kwenye makaratasi ya familia. Binti yake Shannon aliyahifadhi, na 2019 kipindi kwa jina Warrior kikaanza kuonyeshwa Marekani, kikiwa na waigizaji wa asili ya Kiasia kama wahusika wakuu. Ilichukua karibu miaka 50. Kwa hivyo leo ukiambiwa hapana kwa sababu isiyo na maana, kalie wazo lako vizuri. Liandike chini, liweke mahali salama, kisha tafuta mlango mwingine.